Mti ukizungumza, ni 'ulisema' au 'alisema'?

Majuzi mwalimu mwenzangu alinionyesha insha ya mwanafunzi wa kidato cha pili. Kijana alisimulia jinsi alivyopotea msituni akaukuta mti mkongwe uliofunikwa na kuvu. Mpaka hapo salama. Kisha akaandika: "Yule mti akafumbua macho, akanitazama, akaniambia nirudi nyumbani." Kalamu nyekundu ikapita juu ya sentensi nzima. Pembeni mwalimu akaandika: "Ngeli! Ule mti ukafumbua macho." Kijana alipokwenda kulalamika hakuwa na maneno mengi: "Lakini mwalimu, huyu anaongea!"

Nimelitafakari jibu hilo, na naona lina uzito kuliko wino ule mwekundu.

Tumpe mwalimu haki yake kwanza. Mti, mkuyu, mwembe, yote ni ya ngeli ya U-I. Hata tunapotumia tashihisi hatutoki humo. Tunasema "mwembe ulinipungia mkono", wala hatusemi "alinipungia". Tashihisi ni vazi la kuazima. Msomaji anajua fika kwamba ni upepo uliotikisa tawi, na sentensi ikiisha, vazi linavuliwa, mwembe unabaki mwembe.

Sasa mimea ya fantasia haiazimi vazi. Katika ulimwengu huo wa kubuni, mti unaozungumza unazungumza kweli. Hebu tutazame riwaya ya The Lord of the Rings ya J.R.R. Tolkien, iliyotoka kwa juzuu tatu kati ya 1954 na 1955. Tolkien alikuwa profesa wa lugha katika Chuo Kikuu cha Oxford, na misitu yake ina mkono wa mtu aliyeishi na maneno. Humo mna viumbe waitwao Ents, wenye maumbile ya miti, wanaochunga miti jinsi mfugaji achungavyo mbuzi wake. Mkubwa wao, Treebeard, hana pupa ya kusema. Katika lugha yao jina la kitu ni historia yake nzima, hivyo jina hurefuka kadiri kitu kinavyoishi. Mchawi Saruman anapoikata miti kulisha matanuri yake, Ents wanafanya kikao cha siku tatu, kisha wanaandamana kwenda kuibomoa ngome yake.

Viumbe waliokaa kikao wakafikia uamuzi, utasemaje kuwa "iliamua, ikaenda"? Waliamua, wakaenda. Na Kiswahili hakina shida na hilo, kwa kuwa upatanisho wetu hutazama uhai kabla ya kutazama umbo la nomino. Kiziwi, kipepeo na kiongozi wana 'ki' mwanzoni, lakini tunasema kiongozi amefika. Kifaru wa mbugani amelala. Kifaru cha jeshi kimeungua. Neno ni lile lile, kilichotofautisha ni pumzi tu.

Lakini tusishangilie mapema. Wahenga wanasema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Zimwi hilo lina akili ya kumtambua mtu, lina tumbo la kumla, hata lina chembe ya huruma ya kumbakiza. Pamoja na hayo yote bado ni 'li'! Kumbe uhai peke yake hautoshi. Ngeli hupima pia hofu, ukaribu na heshima.

Hapo ndipo mtafsiri anaweza kuteleza. Neno 'ent' katika Kiingereza cha kale lilimaanisha jitu. Mwenye haraka ataandika "majitu yaliibomoa ngome", na kamusi haitamkana. Ila atakuwa amewashusha wazee walezi wa msitu hadi kwenye daraja la zimwi. Mimi ningewaita wachunga miti, niwaache katika A-WA, wapate heshima yao.

LI-YA ningemwekea mwingine. Mapema katika riwaya hiyo kuna mti mzee wa kando ya mto, Old Man Willow, unaowalaza wasafiri usingizi kisha unawanasa. Jiti lile likammeza Pippin mzima mzima, likambana Merry kiunoni miguu ikabaki nje, na mzizi wake ukamsukumia Frodo majini. Hapo 'li' imekaa mahali pake. Hili linajua, ila halitaki mema.

Uhondo wenyewe uko kwingine. Treebeard anaeleza kwamba baadhi ya wenzake wanasinzia kidogo kidogo hadi wanakuwa miti ya kawaida, na baadhi ya miti nayo inaamka. Kiingereza kinahitaji maelezo kuonyesha mpaka huo. Kiswahili kinahitaji herufi moja. Alisimama kando ya kijito. Alisinzia. Misimu ikapita. Ulisimama kando ya kijito. Msomaji ameshafiwa, na hakuna aliyetangaza msiba.

Kwa hivyo, walimu wenzangu, tunaposahihisha hadithi za ajabu tusiishie kuuliza nomino hii iko ngeli gani. Tuulize pia: katika hadithi hii, huyu ni nani? Kama ni pambo la sentensi, abaki katika U-I. Kama ni mhusika mwenye nia, tumpe A-WA, mradi mwandishi asiyumbeyumbe bila sababu.

Je, yule kijana aliyumba? Nilirudi kwenye insha yake nikahakikishe. Alipoukuta mti, aliandika "uliofunikwa". Alipofika kwenye macho, akaandika "yule" na "akafumbua". Alibadilisha ngeli pale pale mti ulipoamka. Mwenzangu aliisoma tena, akanyamaza, kisha akamrudishia alama zake.