Sauti, Rangi na Mkono: Dhana ya Sinestesia na Miamba ya Moru, Serengeti

Kusini mwa Seronera, katika Hifadhi ya Taifa ya Serengeti, vilima vya mawe vya Moru vina vitu viwili vinavyomvuta mhakiki. Kimoja ni michoro ya Wamaasai, hasa ngao, iliyochorwa mwambani kwa rangi nyekundu, nyeupe na nyeusi. Kingine ni jiwe kubwa lenye vishimo vilivyotokana na kugongwa kwa mawe madogo. Likigongwa hulia kama chuma, na mlio hubadilika kulingana na mahali panapogongwa. Ujirani huo hushawishi mtu adai kwamba hapa sauti ilionwa kama rangi, yaani sinestesia, kama Kandinsky alivyoihusisha njano na tarumbeta.

Dai hilo ni jepesi mno. Rangi za michoro ni zilezile za ngao halisi, na zinasomeka bila mlio wowote. Isitoshe, ujirani wa mahali hauthibitishi kwamba waliochora ndio waliogonga.

Kiswahili, kinachotumiwa leo kuvieleza vitu hivyo, nacho hakiungi mkono dai hilo. Msemaji husikia baridi, njaa na uchungu, na pia huona baridi, njaa na uchungu. Vitenzi hivi viwili hukutana mwilini, lakini kila kimoja hubaki na mali yake: rangi haisikiwi, wala mlio hauonwi, isipokuwa mshairi akitaka. Sifa nazo hupita njia hiyohiyo. Litungu la Wakuria wa Tarime, lenye nyuzi nane, husemwa kuwa na sauti nzito. Rangi nayo huwa nzito. Kuna sauti kali na rangi kali. Uzito hupimwa kwa mkono na ukali kwa ulimi au ngozi, si kwa jicho wala sikio.

Kwa hiyo kiungo kinachofaa kutafutwa Moru ni mkono. Kiswahili hupiga ngoma na hupiga rangi, ingawa ushahidi huu usitiwe chumvi, kwani kitenzi hicho hupiga pia simu na pasi. Ushahidi mzito zaidi umo jiweni penyewe. Vile vishimo havikuchorwa ili vitazamwe. Ni alama za mapigo mengi yaliyorudiwa mahali palepale. Mgeni anayefika leo huviona kabla hajasikia chochote, na kwa kuviona hujua wapi pa kugonga.