Mtambo wa Kufasiri na Lugha ya Kambini: Uhakiki wa Star Trek: Deep Space Nine

Uhakiki huu unahusu Star Trek: Deep Space Nine, mfululizo wa televisheni wa Marekani uliorushwa kuanzia Januari 1993 hadi Juni 1999. Yumkini msomaji atauliza: bunilizi ya anga za juu inaihusu nini taaluma ya Kiswahili? Jibu limo katika historia ya kituo cha anga kinachosimuliwa.

Kituo hicho hakikujengwa kwa ajili ya wasafiri wala wanasayansi. Wakardasia, walioitawala sayari ya Bajor kwa mabavu, walikifanya kiwanda cha kuchenjua madini, nao Wabajor wakatumikishwa humo. Jina lake lilikuwa Terok Nor. Watawala wanapoondoka, kinapewa jina jipya na kamanda mpya, Benjamin Sisko, aliyeigizwa na Avery Brooks. Kuta ni zile zile. Msomaji wa Kolwezi hahitaji maelezo zaidi. Mji wetu ulianzishwa mwaka 1937 na kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga. Mwaka 1966 Elisabethville iliitwa Lubumbashi na Jadotville ikaitwa Likasi. Mwanzoni mwa 1967 migodi ikatwaliwa na dola. Kambi za wafanyakazi zilibaki mahali pake.

Ustadi wa watunzi unadhihirika katika kipindi kiitwacho "Civil Defense" cha mwaka 1994. Sisko, mwanawe na fundi O'Brien wamo katika sehemu ya kuchenjulia madini, wanairekebisha kompyuta. Programu iliyoachwa na Wakardasia inazinduka na kudhani kwamba watumwa wameasi. Sauti iliyorekodiwa ya Gul Dukat, mkuu wa zamani wa kituo, inawaonya wafanyakazi wa Kibajor ambao hawamo tena. Hapa mfululizo unaonyesha jinsi lugha ya amri inavyodumu hata baada ya mwamrishaji kuondoka.

Hata hivyo, upo udhaifu ambao mwanaisimu hawezi kuunyamazia. Wakazi wa kituo ni wa jamii nyingi, lakini wote huelewana kwa mtambo wa kufasiri lugha zote. Katika "Little Green Men" (1995) tunaona kwamba Waferengi huuvaa ndani ya masikio. Hila hii inahitajika, kwani bila hiyo hadithi isingesonga mbele. Gharama yake lakini ni kubwa. Maneno machache ya Kiklingoni husikika, ila miaka saba ya kuishi, kufanya biashara na kupigana vita pamoja haizai lugha moja ya kituo.

Historia ya Katanga inatufundisha vingine. Migodi ilikusanya watu kutoka Kasai, Rhodesia ya Kaskazini, Rwanda na Burundi, wenye Kiluba, Kibemba, Kilunda na lugha nyinginezo. Johannes Fabian, katika kitabu chake cha mwaka 1986, ameeleza jinsi utawala wa kikoloni ulivyokitwaa Kiswahili kiwe chombo cha kuongozea kazi. Wasemaji hawakukomea hapo. Walikifanya chao, wakasema "batu" badala ya "watu", na "ku kazi" badala ya "kazini". Mwaka 1965 André Yav aliandika kwa Kiswahili hicho historia ya Elisabethville, akiitazama kwa macho ya watumishi. Lugha ya kuamrishwa ilikuwa imegeuka lugha ya kumhukumu mwamrishaji.

Mwandishi wa uhakiki huu amewahi kupiga mstari mwekundu chini ya neno "batu" katika insha za wanafunzi. Kiswahili Sanifu kina kazi yake, na ndicho kinachotumika katika ukurasa huu. Lakini tukikitumia kana kwamba lugha ya kambini ni kelele za kusafishwa, tutakuwa tumejivalisha mtambo ule wenyewe masikioni. Tutaelewana vema, ila hatutasikia tena waliochimba walikuwa wakisema nini.