Hongera, Mafundi wa Sakafu za Mbao

Nyumba nyingi za zamani katika mitaa ya Kilimani na Kileleshwa, Nairobi, zina sakafu za vipande vya mbao. Zikishafifia na kukwaruzika, wenye nyumba hukimbilia vigae, na mbao nzuri kabisa hung'olewa na kutupwa. Fundi wa msasa ndiye anayeziokoa.

Huanza kwa kupiga magoti. Anagonga kipande kimoja kimoja. Kinacholia kitupu anakibandua na kukigandisha upya. Ndipo mashine inawashwa: msasa namba 40 kuondoa vanishi kuukuu, kisha 80, kisha 120. Mkono lazima uendelee kutembea, maana mashine ikizubaa mahali pamoja inachimba shimo. Kwenye kona anamalizia kwa mkono. Ninachokistaajabia zaidi ni ule unga laini wa mbao anaoukusanya, akauchanganya na gundi na kuziba nyufa kwa rangi ileile ya mbao. Vanishi hupakwa, hukauka, husuguliwa kidogo, hupakwa tena.

Hongera zao nyingi. Na barakoa nzuri ya kuzuia vumbi, jamani, tuwanunulie sisi wenye nyumba.