Gorila wana majina. Na majirani zao?

Kwetu Katanga hakuna gorila. Wengi wetu hapa Mantapala tumetoka upande wa Pweto, Moba, Manono au Mitwaba, na huyu mnyama tumemwona kwenye simu tu. Anayemjua ni mtu wa Kivu, ambako wanamwita ngagi. Lakini ukimwambia mgeni kwamba wewe ni Mkongomani, mara nyingi vitu viwili vinamjia kichwani: vita na gorila. Kwa hiyo niliona heri tusome wenyewe tuone gorila wameandikwaje, na watu wanaoishi pembeni yao wameandikwaje.

Nimesoma vitabu vitatu, vyote kwa Kiingereza, kamusi mkononi, viwili kati yake pamoja na vijana wa kikundi chetu cha Jumamosi. Cha kwanza ni Gorillas in the Mist cha Dian Fossey, Mmarekani, kilichotoka 1983. Cha pili ni Looking for Miza, kitabu cha watoto cha 2008, kilichoandikwa na Craig Hatkoff na mabinti zake wawili pamoja na Paula Kahumbu wa Kenya. Cha tatu ni Walking with Gorillas cha Gladys Kalema-Zikusoka, daktari wa wanyama wa Uganda, kilichotoka 2023. Vyote vinasema habari moja, yaani urafiki wa gorila na watu. Mimi nilivipima kwa swali moja: ni watu gani hao?

Tuanze na Fossey, na tuanze na haki yake. Kabla yake vitabu vingi vilimfanya gorila kuwa shetani wa porini anayejipiga kifua na kurarua watu. George Schaller, aliyewachunguza Kabara kwenye milima ya Virunga mwaka 1959 na 1960, alishaonyesha kwamba ni mnyama mpole anayekula majani. Fossey akaongeza kitu kingine: akakaa nao miaka. Anawaeleza mmoja mmoja kama vile mama anavyoeleza watoto wake, nani mchokozi, nani mwoga, nani anapenda michezo. Mwaka 1970 gorila aliyeitwa Peanuts aliugusa mkono wake, na ukisoma sehemu ile unashika pumzi. Kuna Digit, aliyepewa jina kwa sababu ya kidole chake, akauawa siku ya mwisho ya 1977 akiilinda familia yake. Waliomwua walimkata kichwa na mikono. Kuna wenye majina ya lugha yetu pia: Rafiki, Macho, na mtoto wa Macho aliyeitwa Kweli. Macho aliuawa 1978, na Kweli, aliyepigwa risasi siku hiyohiyo, akafa baadaye. Vijana wawili kwenye kikundi walilia, na hawakuona haya.

Kazi ile ilizaa matunda. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 gorila wa Virunga walihesabiwa wakawa kama 250. Leo gorila wa milimani, ukijumlisha Virunga na Bwindi, wamepita 1,000. Anayesema kitabu hiki ni hadithi ya mzungu na wanyama wake tu, hajakisoma.

Ila kuna mambo mawili ambayo msomaji wa Mantapala hawezi kuyapita haraka.

La kwanza: Fossey alianzia Kongo, Kabara, mwezi wa kwanza 1967. Julai mwaka uleule nchi ikachafuka, askari wakapanda mlimani wakamshusha hadi Rumangabo, naye akatoroka kwa gari lake mpaka Kisoro, Uganda. Tarehe 24 Septemba alikuwa ameshafungua kambi mpya upande wa Rwanda, akaiita Karisoke. Sisi tunaijua njia kama hiyo: askari, kuacha vitu, mpaka, kuanza upya chini ya hema. Kitabu kinaieleza kama kisa cha ushujaa, na kweli alikuwa na ushujaa. Lakini hakuna aliyemwita mkimbizi. Ndani ya miezi miwili mitatu alikuwa na hema, kazi na ruhusa ya kuchagua mlima. Sisemi hili kwa wivu. Nasema kwamba kukimbia ni kulekule, ila mmoja anaandikwa kwenye kitabu na mwingine kwenye orodha.

La pili ni zito zaidi. Maadui wa kitabu ni majangili, na wengi anaowataja ni Batwa. Wanatega kamba za swala, gorila anakanyaga, mkono unaoza. Fossey anawachukia waziwazi, anaharibu mitego yao, anawasaka. Kwamba milima hiyo ilifanywa parki na Wabelgiji mwaka 1925, na kwamba waliokuwa wakilifanya pori kuwa duka lao na hospitali yao waligeuzwa wezi kwa sheria, hilo linapewa nafasi ndogo mno kulinganisha na hasira yake.

Huko Ulaya msomaji anaweza kusoma neno "Batwa" akaendelea. Hapa hapana. Wengi wetu tumefika Zambia kwa sababu ya vita vya Baluba na Batwa vilivyowaka Tanganyika tangu 2013, vikapamba moto 2016. Batwa wa Virunga sio Batwa wa Nyunzu wala Manono, ni mbali sana, lakini jina ni lilelile. Tulipofika kwenye kurasa za mitego, kijana mmoja akasema: "Munaona? Batwa njo vile beko, tangu zamani." Kimya kikaingia. Kisha dada mmoja, ambaye huwa hasemi, akajibu polepole: "Kitabu haiseme balikuwa banakula nini kisha kubafukuza mu pori."

Kwangu mimi huo ndio uhakiki bora wa Gorillas in the Mist niliowahi kusikia. Kitabu kinaweza kuwa na huruma kubwa kwa mnyama na bado kikampa mtu silaha ya kumdharau jirani yake. Hatukukitupa. Tulirudia kurasa zile tukiuliza kila mara: huyu mwenye mtego anaitwa nani, watoto wake wako wapi, nyama ile alimuuzia nani? Mara nyingi tulibaki bila jibu. Wakati huohuo Fossey huyohuyo anamtaja Sanwekwe, Mkongomani aliyekuwa fundi wa kufuata nyayo za gorila, na anakubali kwamba alijifunza kutoka kwake. Basi angeweza. Mtu aliyemsaidia alipata jina na sifa, na aliyemkosea mara nyingi alipata kabila tu.

Looking for Miza ni kifupi, chenye picha nyingi, na watoto wa shule ya msingi wanakimaliza kwa siku moja. Miza ni gorila mdogo wa Virunga, upande wa Kongo. Mama yake anapotea, na baba yake, Kabirizi, anaingia porini kumtafuta mwanawe mpaka anampata. Wanaosimulia na kufuatilia ni walinzi wa parki, Wakongomani wenye majina. Hilo peke yake ni hatua kubwa. Watoto wetu, ambao wengine walitafutwa na baba zao hivyohivyo njia ya Pweto, walitaka kisomwe tena.

Udhaifu wake ni kwamba maovu yanabaki ukungu. Ni mwaka 2007, mwaka ambao gorila wa familia ya Rugendo waliuawa kwa risasi ndani ya Virunga, akiwemo dume Senkwekwe, wala nyama yao haikuchukuliwa. Watu wengi wa parki waliyahusisha mauaji yale na biashara ya makala: mti ni pesa, na mlinzi anayelinda mti ni kikwazo. Unaweza kusema hayo si ya watoto. Watoto wa Mantapala lakini wanayajua makala. Wanaona magunia barabarani kila siku, na wanajua kwamba mama anayeyachoma anajua pia kuwa pori linaisha. Mtoto anaweza kuelezwa kwamba mtu anakata mti kwa sababu ya njaa, na mwingine kwa sababu ya utajiri, na kwamba hao wawili si sawa.

Kitabu cha Kalema-Zikusoka ndicho kilichonibadilisha mawazo kuhusu neno "urafiki". Mwaka 1996, akiwa daktari kijana wa parki za Uganda, aliitwa Bwindi: gorila wamenyonyoka manyoya, wanajikuna. Ulikuwa upele. Mtoto mmoja wa gorila akafa, wengine wakatibiwa wakapona. Walipofuatilia, waliona chanzo kinachoaminika ni nguo chakavu za watu, zile zinazovalishwa sanamu za kutishia wanyama shambani. Gorila walitoka porini kula migomba, wakazishika.

Upele! Nani hapa haujui? Ni ugonjwa wa nyumba iliyojaa, sabuni iliyopungua na maji ya foleni. Kwa Fossey kifungo cha mtu na gorila ni mkono unaogusa mkono. Kwa daktari huyu ni mdudu anayetoka kwenye shati la masikini. Hakuwalaumu wenye mashati. Mwaka 2003 alianzisha shirika, Conservation Through Public Health, kwa wazo moja: ukitaka gorila awe mzima, mtibu kwanza jirani yake. Kitabu si kamilifu. Kuna kurasa zinazonuka ripoti ya mradi, mikutano na zawadi, mpaka unatamani arudi porini. Lakini wanavijiji wake wanaongea, wanakataa, wanabishana naye, na anawasikiliza.

Sisi wa ukingo wa Mweru tunalielewa wazo hilo bila gorila. Kila mwaka, kuanzia Desemba mpaka mwisho wa Februari, uvuvi unafungwa ili samaki wazae. Hakuna mvuvi wa Kashikishi asiyejua faida yake, maana bila kufunga hata chisense itakuwa hadithi. Lakini miezi hiyo mitatu watoto wanakula. Sheria ya kulinda samaki isiyouliza chungu kitapikwa nini inamgeuza mvuvi kuwa jangili usiku mmoja.

Ndugu zetu wa mashirika mnaosoma hapa, nanyi mnaandika. Mnaandika kaya, wanufaika, asilimia. Namba zinahitajika, bila namba unga haufiki. Ila mkiwa na nafasi ya ukurasa mmoja wa hadithi, msimtaje kwa jina yule tu aliyewasaidia. Muulizeni jina pia yule aliyekata mti usioruhusiwa, na mumuulize sababu.

Na kuna kitabu ninachotamani kukiona. Ndakasi, gorila aliyeokotwa 2007 akiwa na miezi miwili, ameng'ang'ania maiti ya mama yake, alifariki tarehe 26 Septemba 2021 mikononi mwa mlezi wake, André Bauma, Mkongomani. Dunia nzima iliiona picha ile. Mimi nataka kurasa mia mbili za Bauma mwenyewe, kwa Kiswahili cha Kivu: alilala wapi vita vilipokaribia, nyumbani walikula nini, walimwambia nini aliporudi ananuka gorila.

Kwa sasa, anayetaka kusoma aje Jumamosi. Anza na cha daktari, watoto wape Miza, kisha mchukue Fossey. Huyo msimsome peke yenu. Msomeni mkiwa wengi, Baluba na Batwa mkutano mmoja.