Mzungu Aliyevaa Ngozi Nyeusi

John Howard Griffin alikuwa Mzungu wa Texas, katika inchi ya Marekani, mwandishi na Mkatolika. Mwisho wa mwaka 1959 alimwendea mganga wa ngozi kule New Orleans, akameza dawa, akakaa chini ya taa kali, akanyoa nywele. Hata alipojitazama katika kioo, akaona mtu mweusi asiyemjua. Kisha alitembea majuma kadhaa katika Mississippi, Alabama na Georgia. Kitabu chake, Black Like Me, kilitoka mwaka 1961.

Nguvu ya kitabu hiki iko katika mambo madogo. Mtu asiyepigwa wala kufungwa anachoka kwa kutafuta tu pahali pa kunywa maji, pahali pa choo, kiti cha kukalia. Katika basi ya kwenda Hattiesburg, dereva aliwaacha Wazungu washuke kupumzika, akawazuia weusi. Elimu ya Griffin na adabu yake hazikugeuka; ngozi tu iligeuka. Basi, ubaguzi ule haukuhukumu matendo ya mtu. Na kule Alabama, nani alimpokea usiku? Maskini mweusi mwenye watoto sita, katika nyumba ya vyumba viwili.

Griffin alilipa ushuhuda wake. Mwaka 1960 sanamu yake ilitundikwa katika Mansfield, mji alimokaa, naye akahamia Mexico na jamaa yake kwa muda.

Lakini kuna neno la kuuliza. Weusi wa Marekani walikuwa wamekwisha kusema. Frederick Douglass, aliyekuwa mtumwa, aliandika maisha yake mwaka 1845. Richard Wright yake mwaka 1945. Mbona wengi walingoja Griffin ndipo wasadiki? Kwa sababu alikuwa Mzungu. Hivi kitabu kinafunua ubaguzi mara mbili: katika habari zake, na katika masikio ya wasomaji wake. Tena yeye aliweza kurudia ngozi yake. Mwenyeji wake wa Alabama hakuweza. Griffin mwenyewe alitambua jambo hilo baadaye, akaona haifai Mzungu awasemee watu wenye kinywa chao.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, padri ama katekista, usiishie kuwasikitikia weusi wa Marekani. Ujiulize: katika misioni yangu, ni nani anayelia kila siku, nami ninangoja mkubwa aje kurudilia maneno yake ndipo nisadiki?