Ujirani wa Pikseli

Setilaiti ya Landsat inapoupiga picha msitu wa Kakamega, Kenya, kila pikseli huchukua kipande cha ardhi cha mita 30 kwa 30, chini kidogo ya robo ekari. Huenda hapo pana miti mikubwa, mapera yaliyoota palipofyekwa, au chai, na mwanga unaorudi angani kutoka kwa vyote hivyo waweza kukaribiana mno. Programu inayoamua pikseli moja moja hutoa ramani ya madoadoa: nukta ya chai katikati ya msitu wa Isecheno, nukta ya msitu ndani ya miwa. Uga nasibu wa Markov huitibu kasoro hiyo kwa kuwauliza majirani. Pikseli hulipa gharama ikipewa jina lisiloafikiana na rangi yake, na gharama nyingine ikitofautiana na jirani; ramani inayotafutwa ni yenye jumla ndogo kabisa.

Kulisema ni rahisi; kulihesabu ndiko kulikozaa ufundi ninaousifu. Kwa pikseli 1,000 tu na aina mbili za ardhi, idadi ya ramani zinazowezekana ina tarakimu zaidi ya 300. Mwaka 1984 Stuart na Donald Geman walionyesha njia ya kubahatisha huku ukipunguza bahati hiyo polepole, kama chuma kinachopoa, yenye uhakika wa kinadharia lakini ya taratibu mno. Ile ya Julian Besag ya 1986 ina kasi, ila hukwama upesi. Kisha mwaka 1989 Greig, Porteous na Seheult wakathibitisha kwamba aina zikiwa mbili, jibu kamili hupatikana kama vile mtu anavyotafuta mahali rahisi pa kukata mtandao wa mabomba. Na mwaka 2001 Boykov, Veksler na Zabih wakalifikisha wazo hilo kwenye aina nyingi. Maktaba ya programu huyabeba haya yote kwa niaba ya mtumiaji. Richard Szeliski na wenzake walipoziweka mbinu kadhaa chini ya kiolesura kimoja, mtafiti aliweza kubadilisha mbinu bila kuandika upya swali lake, na hivyo kujua kama kosa limo katika hesabu au katika swali lenyewe. Huo ni uungwana mkubwa wa fundi.

Wapo wanaolalamika kwamba ujirani huwameza wanyonge, na hapa Kakamega hoja yao ni nzito. Mashamba ni madogo, mikanda ya chai ya Nyayo ni myembamba, na miti ya kando ya mto Isiukhu ni kama uzi. Uzito wa ujirani ukizidi, uzi huo hupotea ramanini. Lakini uzito huo ni namba, na maktaba iliyotengenezwa vizuri humwachia mtumiaji aipange, hata aipunguze pale picha inapoonyesha mpaka mkali. Anayeukuza kupita kiasi anaweza kuonyeshwa namba yake na kuulizwa sababu.

Wengine watasema mitandao ya neva imeshaupita ufundi huu. Penye mifano mingi, ni kweli. Mitandao hiyo, hata hivyo, huhitaji picha nyingi zilizotiwa alama na watu wanaoijua ardhi, na Landsat ya kwanza ilirushwa mwaka 1972, miaka 13 kabla ya Buyangu, sehemu ya msitu wa Kakamega, kuwa hifadhi ya taifa. Hakuna awezaye kurudi kuhesabu miti iliyokuwa imesimama pale siku ile. Kilichobaki ni pikseli zenyewe, na zilizo kando yake.