Habari Iliyotangulia Ukweli

Kwetu Kasumulu, penye mpaka wa mto Songwe, habari huvuka upesi kuliko mizigo. Mtu akisingiziwa wizi asubuhi ng'ambo, adhuhuri amekwisha kuwa mwizi sokoni kwetu. Kwa sababu hiyo niliwaonyesha wanafunzi wangu picha bubu ya Kimarekani iitwayo The Power of the Press, iliyoongozwa na Frank Capra mwaka 1928, nami nikasimama kando nikiwafasiria maandishi yake kwa Kiswahili.

Kijana Clem Rogers, achezwaye na Douglas Fairbanks Jr., ni mwandishi wa habari za hali ya hewa tu. Mhariri wake, mtu mkali, hampi kazi kubwa. Mwendesha mashtaka wa mji auawapo, Clem apata bahati yake: aandika habari inayomtia hatiani Jane Atwill, binti wa mtu agombeaye umeya. Baadaye atambua kwamba amemwonea, naye ashirikiana na binti huyo kumtafuta mwuaji wa kweli.

Sehemu ipendezayo macho kupita zote ni ile ya mitambo ya kuchapa, jinsi gazeti litokavyo mikononi mwa mafundi mpaka likawa maelfu. Wanafunzi wakapiga makofi. Nikawauliza, "Mnashangilia nini?" Wakanyamaza, maana kilichokuwa kikichapwa ni uongo juu ya mtu asiye na kosa.

Hapo ndipo penye nguvu ya picha hii. Yatuonyesha vema kwamba mtambo haujui kweli wala uongo. Tena habari ile ilipita kwanza kwa mhariri mkali, basi ukali wafaa nini, usipouliza, "Umejuaje?" Lakini upungufu wake ni mwisho mwepesi mno: kijana hodari atengeneza alichoharibu, kana kwamba wote waliosoma toleo la kwanza watasoma na la pili. Maji yakimwagika hayazoleki.

Siku ya pili mwanafunzi mmoja alinijia faraghani, akakiri kwamba alieneza neno asilo na hakika nalo juu ya mwenzake, akaomba nimsaidie kulifuta. Tulikwenda pamoja nyumba hata nyumba. Tatu zilitusikiliza. Ya nne ilitujibu, "Mwalimu, sisi tulikwisha kusikia," kisha ikafunga mlango.